Huyu zombi ni wa nani? Tufungue fundo la wafu wanaotembea, kutoka Haiti mpaka vibanda vya muvi Mbeya

Weka muvi ya mazombi kwenye kibanda umiza chochote hapa Mbeya, Mwanjelwa, Ilomba, Nzovwe, popote, ubishi lazima uanze kabla muvi haijafika nusu. Mmoja atasema hao ni misukule tu, kumbe na wazungu wanayo. Mwingine atamkatalia, sikiliza kaka, hapo wamesema ni virusi, mtu kang'atwa ndo kageuka, sasa msukule gani anang'ata? Wa tatu ambaye kacheza sana magemu atakuja na habari ya fangasi anayeingia kwenye ubongo. Na DJ aliyeingiza sauti ya Kiswahili ndo anazidi kuwachanganya, maana mwanzoni anawaita misukule, mbele kidogo mashetani, ikifika mwisho wameshakuwa wagonjwa.

Mimi huu ubishi naupenda kwasababu wote watatu wameshika kipande cha ukweli. Tatizo tumeviweka kwenye kapu moja vitu ambavyo asili yake ni tofauti na hofu iliyomo ndani yake ni tofauti kabisa. Naomba nifungue fundo taratibu, na nitatumia swali moja tu: huyu maiti anayetembea ni wa nani, nani anampa amri?

Tuanze nyumbani. Msukule kwa jinsi anavyosimuliwa huku nyanda za juu kusini, iwe Rungwe, Mbozi, Makambako au Mufindi, ana sifa zake zinazojulikana. Mtu anakufa ghafla, watu wanalia, wanazika, alafu inasemekana kilichozikwa ni mgomba, mtu mwenyewe kashachukuliwa. Anakatwa ulimi asiseme, analishwa pumba, mchana anafichwa, usiku anatolewa kwenda kulima. Ukionekana mahindi yako yamestawi na hakuna aliyewahi kuona vibarua shambani kwako, au mashine yako ya kusaga inajaza foleni wakati ya jirani imelala, maneno yanaanza. Sasa angalia vizuri hapo, msukule hang'ati mtu, hakimbizi mtu, haambukizi. Ukisikiliza wanaosimulia utagundua wanamwonea huruma, wanasema masikini mtoto wa watu. Anayeogopwa ni mwenye msukule.

Sasa shika hilo alafu twende Haiti.

Haiti zamani ilikuwa koloni la Mfaransa ikiitwa Saint-Domingue, na ilikuwa inamtajirisha kwa sukari na kahawa. Waliokuwa wanalima ni watumwa kutoka Afrika, wengi toka Afrika magharibi na maeneo ya Kongo, na kazi ya miwa ilikuwa inaua watu haraka mno mpaka ikawa kila wakati meli zinaleta wengine kujaza nafasi. Waliasi mwaka 1791, wakapigana miaka, na tarehe 1 Januari 1804 wakatangaza uhuru wao. Sasa mtu aliyeishi maisha yale kifo hakikuwa kitu kibaya kuliko vyote, wengi waliamini ukifa roho inarudi kwa mababu Afrika, unapumzika. Kitu kibaya kuliko vyote kilikuwa ufe na bado usipumzike, aje mchawi wanayemwita bokor akuinue kaburini akurudishe shambani, safari hii bila akili wala hiari, na bila mwisho. Huyo ndo zombi wa asili. Hana njaa ya nyama ya mtu, ni mfanyakazi asiyeweza kuacha kazi.

Unaona alivyofanana na msukule? Na sidhani kama kuna haja ya kutafuta nani kamuiga nani. Palipo na watu waliowahi kufanyishwa kazi kama vitu, stori ya namna hii inazaliwa yenyewe. Cameroon wana imani inaitwa ekong, kwamba watu wanauzwa kichawi na kupelekwa kufanya kazi usiku kwenye mlima Kupe. Afrika Kusini miaka ya 1990, kipindi ajira zimekuwa ngumu, stori za mazombi wanaofanyishwa kazi na matajiri zilisambaa sana vijijini, mpaka wanaanthropolojia Jean na John Comaroff wakaandika kuhusu hilo.

Ilifikaje kwenye sinema? Marekani iliivamia Haiti mwaka 1915 na ikakaa mpaka 1934. Katika kipindi hicho mwandishi mmoja Mmarekani, William Seabrook, akaenda kuishi kule, na mwaka 1929 akatoa kitabu cha safari ambacho ndo kilifanya Wamarekani wa kawaida waijue hiyo kitu. Kitabu kina mambo mengi ya kumdharau mweusi, hilo lazima lisemwe, lakini kuna stori moja aliyosimuliwa kule ambayo kwangu mimi ni muhimu kuliko muvi zote zilizokuja baadae. Anasema kulikuwa na mzee mmoja, Ti Joseph, aliyepeleka kundi la watu waliochakaa, macho hayana kitu, kwenda kufanya kazi kwenye kampuni kubwa ya sukari ya Wamarekani, Hasco. Wanakata miwa, ujira wao anachukua yeye. Kwenye chakula chao hawatiwi chumvi kabisa, maana zombi akionja chumvi anakumbuka yeye ni nani. Siku moja mzee hayupo, mkewe akawaonea huruma akawapeleka kwenye sikukuu, akawanunulia vipipi vya njugu, hakujua kama zile njugu zilitiwa chumvi. Walipotafuna wakajua kwamba wamekufa, wakapiga ukelele, wakageuka wote wakaanza kutembea kuelekea kijijini kwao mlimani, wakapita katikati ya ndugu zao wanaowaita majina bila kumtazama hata mmoja, wakafika makaburini wakaanza kufukua udongo kwa mikono ili warudi walale.

Isome tena hiyo stori uone hofu iko wapi. Iko kwenye kampuni, kwenye ujira unaochukuliwa na mwingine.

Mwaka 1932 Hollywood ikatoa White Zombie, Bela Lugosi akicheza kama mchawi mwenye kiwanda cha sukari Haiti, na hii ndo inahesabika muvi ndefu ya kwanza ya mazombi. Kuna kipande pale cha kiwandani nakupendekezea ukitazame hata kama muvi nzima itakuchosha. Wafanyakazi wafu wanasukuma mtambo wa kusaga miwa, mlio wa mbao tu unasikika, mmoja anajikwaa anaangukia ndani ya mashine, na wenzake hawageuki, mtambo unaendelea kuzunguka. Mwenye mali bado yupo kwenye picha. Ila mhanga anayetakiwa kuonewa huruma sasa kawa binti wa kizungu aliyegeuzwa, wale weusi wa kwenye mtambo wamekuwa mapambo. Hapo ndo stori ilipoanza kuporwa.

Sasa tuje kwenye komiki, ambako watu wengi hawapajui na ndiko kuna mambo. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 kampuni ya EC Comics ya Marekani ilikuwa inatoa vitabu vya katuni vya kutisha, maarufu zaidi ni Tales from the Crypt. Maiti wa kwenye EC ana tabia yake tofauti kabisa. Mara nyingi ni mtu aliyeuawa au kudhulumiwa, mke kauawa na mume, mfanyabiashara kauawa na mwenzie, anatoka kaburini anaoza njiani anakuja kudai chake. Hakuna bwana anayemtuma, kajituma mwenyewe. Kwa mtu wa Tukuyu au Kyela huyu haleti ugeni wowote, maana Wanyakyusa wana abasyuka, wafu wa chini, ambao mambo ya msiba yasipofanywa sawasawa wanawasumbua waliobaki. Wanaanthropolojia Monica Wilson na mumewe Godfrey waliishi Unyakyusa miaka ya 1930, na Monica akaja kuandika vitabu vizima kuhusu hizo taratibu. Hata wakati Bongo muvi za kutisha zinaanza kushika, Mussa Banzi alitoa moja inaitwa Nsyuka, jina limetoka huku huku kwetu. Kwahiyo maiti anayedai haki yake ni aina ya pili, na usimchanganye na msukule. Msukule ananyang'anywa nafsi yake, huyu wa pili ndo kwanza karudi nayo.

Mwaka 1954 mambo yakageuka. Daktari wa magonjwa ya akili Fredric Wertham aliandika kitabu kusema komiki zinaharibu watoto, baraza la seneti likaitisha vikao, na William Gaines wa EC akahojiwa mbele ya kamera kuhusu jalada lenye kichwa cha mwanamke kilichokatwa. Wachapishaji wakaogopa, wakajitungia kanuni wenyewe, na kanuni ile ilitaja waziwazi kwamba wafu wanaotembea ni marufuku. EC ikaua vitabu vyake vya kutisha. Kanuni ilipolegezwa 1971 vampaya na mbwamwitu wakaruhusiwa kwasababu wametoka kwenye vitabu vinavyoheshimika, zombi akabaki nje, hana ukoo. Kampuni ya komiki ya Marvel wakawa wanampitisha kwa jina la kubuni, zuvembi, na 1973 wakatoka na njia nyingine, wakatoa magazeti makubwa ya rangi nyeusi na nyeupe ambayo hayabanwi na kanuni. Humo ndo kuna Simon Garth, tajiri wa kampuni ya kahawa aliyeuawa na mtunza bustani wake akafufuliwa kuwa zombi, na yeyote mwenye hirizi yake ndo anamwamrisha. Bosi kageuzwa mtumwa. Mtu wa Mbozi aliyewahi kuuza kahawa yake kwa bei ya kupangiwa ataelewa kwanini hiyo katuni inauma.

Lakini kumbuka, kwa miaka mingi kanuni iliwafunga mikono wachoraji, na nafasi ile ikachukuliwa na sinema. Ndo tunafika 1968.

George Romero na wenzake kutoka Pittsburgh walitengeneza Night of the Living Dead kwa kama dola 114,000 tu, nyeusi na nyeupe. Ndani ya hiyo muvi neno zombi halitamkwi hata mara moja, wanaitwa majini ya kula maiti. Romero mwenyewe alikiri amechota kwa Richard Matheson, ambaye riwaya yake ya 1954 ilihusu mtu wa mwisho aliyebaki dunia nzima ikiwa imegeuka vampaya kwa ugonjwa. Kutoka hapo ndo tukapata kila kitu ambacho kijana wa leo anakiita zombi: wanakuja wengi, wanakula watu, aking'atwa mtu anageuka, dawa ni kichwa. Na mwenye zombi kafutwa. Hakuna bokor, hakuna kiwanda, kwenye taarifa za habari wanabahatisha tu kwamba labda ni mionzi ya chombo kilichotoka sayari ya Zuhura. Maiti sasa sio wa mtu yeyote.

Ila Romero hakuitupa ile damu ya zamani yote. Shujaa wake, Ben, alichezwa na Duane Jones, mtu mweusi, wakati huo ni nadra sana mweusi kuongoza wazungu ndani ya muvi. Ben anapigana usiku kucha, wenzake wote wanakufa, anabaki yeye. Asubuhi anasikia mbwa na milio ya bunduki, wamekuja waokoaji, raia wa kizungu na sherifu wao, anasogea dirishani kuchungulia, wanampiga risasi ya kichwa wakidhani na yeye ni mmoja wao. Alafu muvi inaacha kuwa muvi, zinakuja picha za mgando kama za gazeti, zenye chengachenga, wanaume wameshika ndoano za nyama, wanamburuta Ben, wanamlaza kwenye lundo la kuni karibu na maiti wa kwanza kabisa tuliyemuona makaburini, wanawasha moto. Martin Luther King aliuawa Aprili mwaka huo huo, muvi ikatoka Oktoba. Fikiria mtu mweusi wa Marekani aliyeziona zile picha ukumbini alijisikiaje.

Jingine ambalo wengi hawalijui ni la hakimiliki. Muvi ilibadilishwa jina dakika za mwisho, na kwenye kubadilisha wasambazaji wakasahau kuweka alama ya hakimiliki ambayo sheria ya Marekani ya kipindi kile ilikuwa inaitaka. Ikawa mali ya umma siku ile ile. Romero alipoteza hela nyingi sana, lakini zombi wake akawa hana mwenyewe hata kisheria, yeyote akamchukua, na ndo maana leo kila nchi ina mazombi wa aina moja.

Baada ya hapo mimi nitapita haraka. Romero mwenyewe alirudi 1978 akawapeleka mazombi kwenye jengo la maduka, wanazunguka madukani kwa mazoea tu. Kula ubongo kumetoka muvi nyingine kabisa ya 1985, kwa Romero hakuna hiyo kitu. Gemu la Resident Evil la Capcom lilitoka 1996 na kampuni inayotengeneza virusi, muvi ya Uingereza ya 2002, 28 Days Later, ikaleta wale wanaokimbia, ambao kwanza hata hawajafa, ni wagonjwa. Korea wakaweka kwenye treni 2016. Yule jamaa wa fangasi kibandani naye yuko sahihi, gemu la The Last of Us la 2013 lilichukua fangasi wa kweli, Ophiocordyceps, ambaye anamteka sisimizi, anampandisha kwenye mmea, anamfanya ang'ate jani, alafu anamuulia hapo. Hawa wote ni aina ya tatu, maiti au mgonjwa asiye wa mtu, hofu yake ni umati na maambukizi.

Komiki ilirudi kwa kishindo Oktoba 2003. Robert Kirkman akiandika, Tony Moore akichora matoleo sita ya mwanzo na Charlie Adlard yaliyobaki yote, The Walking Dead ikaenda mpaka toleo la 193 mwaka 2019. Wengi wetu tuliijua kupitia sizoni za kwenye tivii, zilizoanza 2010 zikaisha 2022, tukapeana kwenye fleshi mtaa mzima. Kirkman alifanya kitu kimoja kizito, alikataa kumaliza. Muvi inaisha baada ya saa mbili, yeye akauliza baada ya hapo wanaishije, wanalima nini, nani anakuwa kiongozi, nani analinda ghala. Kwenye toleo la 24 Rick, mhusika mkuu, anawapigia kelele wenzake kwamba wafu wanaotembea ni sisi wenyewe. Na ukiendelea kusoma anatokea Negan, ambaye anakuja kwenye kila kijiji kuchukua nusu ya walichozalisha, asipopewa anaua. Unaona? Mwenye mali karudi, ila safari hii walioshikwa ni wazima. Ndo maana nasema ile komiki, kwa kujua au kwa kutokujua, imekaribia Haiti kuliko muvi nyingi.

Marvel nao 2005 walitoa Marvel Zombies, Kirkman huyo huyo, mashujaa wao wameambukizwa lakini akili imebaki. Spider-Man anajua kwamba amemla mkewe na shangazi yake, analia, na bado ana njaa. Wasomaji wengi wameichukulia kama masihara, mimi kipande hicho kilinikaa muda mrefu.

Turudi huku kwetu, maana kuna jambo sioni likisemwa. Hizi nyanda za juu kusini kwa miaka mingi zilikuwa ghala la nguvu kazi. Wabena, Wahehe, Wakinga walisombwa kwa malori kwenda kuwa manamba kwenye mkonge Tanga na Morogoro, Wanyakyusa wengi walienda migodi ya shaba Zambia ya leo na wengine kupitia Wenela, shirika lililokuwa linaajiri watu wa migodini, mpaka kwenye dhahabu ya Afrika Kusini, karibu zaidi kulikuwa na machimbo ya Lupa kule Chunya na mashamba ya chai Mufindi na Rungwe. Kijana anaondoka na nguvu zake, mwingine anarudi kakonda hasemi, mwingine harudi, na kuna mahali fulani shamba la mtu mwingine linastawi kwa jasho lake. Kwa maoni yangu msukule anaibeba hiyo kumbukumbu, hata kama anayesimulia leo hajui. Na Iringa wana ushahidi wao wa wazi kwamba mwili wa marehemu unaweza kumilikiwa: fuvu la Mkwawa, chifu wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani akafa 1898, liliandikwa mpaka kwenye mkataba wa Versailles wa 1919 kwamba lirudishwe, na lilirudi 1954.

Ila hapa tuwe makini sana. Zombi wa Romero hakuna bibi atakayepigwa kwa ajili yake. Stori ya msukule inamtafuta mwenye msukule, na mtaani anayeonyeshewa kidole mara nyingi sio tajiri mwenye walinzi, ni mzee anayeishi peke yake, macho mekundu kwa moshi wa kuni. Sheria yetu ya Uchawi, iliyotungwa tangu 1928, inahesabu hata kumtuhumu mtu uchawi kuwa ni kosa, na Haiti karne ya 19 waliweka kwenye sheria zao za jinai kwamba ukimlewesha mtu kwa dawa mpaka akazikwa, umeua. Kwenye karatasi lakini, kwenye katuni, mwandishi ana uhuru wa kumpeleka msomaji kwa mwenye mali halisi.

Na hapo ndo nawaomba wachoraji wa Mbeya, Iringa, Njombe. Nchi hii imewahi kuwa na jarida la Sani, watu wamekua na Lodi Lofa na Ndumilakuwili, msomaji wa katuni yupo. Acheni kuchora mji wa Marekani uliokimbiwa na watu, chukueni shamba la viazi Isyonje saa nane usiku, mchoreni anayelima na anayehesabu magunia, mtieni na yule mama aliyesahau akaweka chumvi kwenye ugali. Msisubiri hela ya rangi. Romero alitumia nyeusi na nyeupe, Simon Garth alitoka hivyo hivyo, na yale matoleo yote 193 ya Kirkman yalitoka kwa wino mweusi na kivuli cha kijivu.